Vichwa Vilivyopimwa Mathari, na Hesabu Iliyowaumbua Wapimaji

Ukipanda matatu katikati ya jiji la Nairobi kuelekea Thika, muda mfupi baada ya Pangani utaiona Hospitali ya Mathari mkono wa kulia. Ng'ambo ya barabara ni Muthaiga, mtaa wa matajiri wenye nyua ndefu na uwanja wa gofu. Nyuma ya hospitali ardhi inateremka kuelekea bonde la Mto Mathare, ambako mabati yamebanana kuanzia Mashimoni hadi Kosovo na 4A. Kwa watu wa Eastlands, mitaa ya mashariki ya Nairobi, hapa ndipo jamaa aliyelemewa na maradhi ya akili anapopelekwa kutibiwa. Wachache wanajua kwamba katika miaka ya 1930 palikuwa pia ngome ya dai zito: kwamba Mwafrika amezaliwa na ubongo pungufu.

Dai hilo halikuanzia vilabuni kwa walowezi walevi. Lilitolewa na madaktari wenye shahada, likavikwa tarakimu, likachapishwa katika majarida ya kitaalamu ya Nairobi na London. Lugha yake ya takwimu ilikuwa imebuniwa na kundi dogo la wataalamu wa Uingereza, na kinara wao alikuwa mwanahisabati na mwanafalsafa kwa pamoja. Inafaa kuifuata safari ya hesabu hiyo tangu London hadi ukingoni mwa bonde la Mathare, kwa kuwa lipo jambo ambalo kila kijana wa Mathare anayesoma takwimu darasani anastahili kulijua. Hesabu yenyewe ilikuwa imekwisha kulipinga dai lile takriban miaka 30 kabla halijatangazwa Nairobi.

Mwanafalsafa aliyetaka kupima kila kitu

Karl Pearson alizaliwa London mwaka 1857. Mwaka 1879 alihitimu Cambridge akiwa wa tatu katika mtihani wa hisabati uliokuwa ukiogopwa kuliko yote Uingereza. Hakutosheka. Alikwenda Ujerumani kusoma falsafa, akawasoma Kant na Spinoza, akasomea sheria, akaandika juu ya historia ya dini na juu ya haki za wanawake. Mwaka 1884 aliteuliwa kuwa profesa wa hisabati tumizi katika chuo cha University College London.

Mwaka 1892 alitoa kitabu cha falsafa kiitwacho The Grammar of Science. Alishikilia humo kwamba sayansi haitufunulii kiini cha vitu. Kazi yake ni kueleza kwa ufupi na kwa mpangilio yale yanayopita katika hisi zetu. Kijana Albert Einstein na marafiki zake walikisoma mjini Bern katika kikundi chao cha usomaji. Kwa Pearson, jambo lisilopimika lilikuwa nje ya maarifa, na linalopimika lilistahili kupimwa, awe ni kaa wa baharini au ni binadamu.

Basi akatengeneza vipimo. Jina la mkengeuko sanifu, kipimo kinachoonyesha jinsi alama za darasa zilivyotawanyika kutoka kwenye wastani, ni yeye aliyelitoa mwaka 1893. Mwaka 1896 aliikamilisha kanuni ya uwiano, inayotoa namba moja kati ya –1 na +1 kuonyesha kama vitu viwili huenda pamoja. Mwaka 1900 alileta jaribio la khi-mraba, linalotumika hadi leo kupima kama matokeo ya utafiti ni ya bahati nasibu tu. Mwaka 1901, pamoja na wenzake, alianzisha jarida la Biometrika. Mwanafunzi wa sekondari hapa Kenya anapokokotoa mkengeuko, daktari anapojaribu dawa mpya ya malaria, mtafiti anapolinganisha mbegu za mahindi, wote hao wanashika zana alizozichonga Pearson.

Nyuma ya Pearson alisimama Francis Galton, tajiri aliyekuwa binamu ya Charles Darwin. Galton ndiye aliyetangulia kuona wazo la uwiano, na ndiye aliyeipa jina, mwaka 1883, elimu aliyoiita yujeniki: imani kwamba taifa linaweza kuboreshwa kwa kuchagua nani azae na nani asizae, kama wafugaji wanavyofanya kwa ng'ombe. Kitabu chake cha 1892 kuhusu alama za vidole kilitumia hesabu ya uwezekano kuonyesha kwamba ni vigumu mno kupata watu wawili wenye alama zinazofanana. Wakenya waliionja elimu hiyo ya alama za vidole mapema. Sheria ya kuwasajili wenyeji ilipitishwa mwaka 1915, na Vita vya Kwanza vya Dunia vilipokwisha kila mwanamume Mwafrika wa kuanzia miaka 16 alilazimika kubeba kipande chenye alama za vidole vyake, kikiwa ndani ya kikebe cha chuma alichokining'iniza shingoni.

Galton alipofariki mwaka 1911, mali aliyoiacha iligharimia kiti cha profesa wa yujeniki chuoni, na wa kwanza kukikalia alikuwa Pearson. Hakuushika wadhifa huo shingo upande. Katika mhadhara wa mwaka 1900 mjini Newcastle alikuwa amehubiri kwamba mataifa hukua kwa kupigana na kuzisukuma kando zile alizoziita jamii duni. Mwaka 1925, pamoja na Margaret Moul, alichapisha utafiti juu ya watoto wa wahamiaji Wayahudi wa mitaa ya mashariki ya London, uliowatangaza kuwa, kwa wastani, wako chini ya watoto wa Waingereza kimwili na kiakili. Watoto hao walikuwa wa mafukara waliobanana katika vyumba vidogo upande wa jiji ambao wenye nazo hawakupenda kuukanyaga. Mtu wa Eastlands hahitaji kuelezwa zaidi.

Alice Lee na vichwa vya maprofesa

Lakini katika maabara hiyohiyo ya Pearson alikuwamo mwanamke ambaye Wakenya wangepaswa kumjua kwa jina. Alice Lee alisoma Bedford College, chuo cha wanawake cha London, akawa mmoja wa wanahisabati waliofanya kazi chini ya Pearson kwa miaka mingi. Enzi hizo wakubwa wa anatomia walifundisha kwamba wanawake hawana akili kama wanaume kwa sababu mafuvu yao ni madogo. Lee aliamua kulipima dai hilo kwa hesabu.

Tatizo lilikuwa hili: ujazo wa fuvu la maiti unaweza kupatikana kwa kulijaza kitu na kukipima, lakini je, la mtu aliye hai? Lee alitafuta kanuni ya kukadiria ujazo kutokana na urefu, upana na kimo cha kichwa kinavyopimwa kwa nje. Kisha akaitumia kwa makundi matatu: wanafunzi wanawake wa Bedford College, walimu wanaume wa University College, na wanaume 35 wa Chama cha Anatomia waliokuwa wamekutana Dublin mwaka 1898 na kukubali kupimwa vichwa. Hao wa mwisho walikuwa ndio wakubwa wa elimu ya miili ya watu, baadhi yao wakiwa walimu wa dai lilelile.

Matokeo aliyapanga kwa mstari, kuanzia kichwa kikubwa hadi kidogo, pamoja na majina ya wenye vichwa. Baadhi ya wanaanatomia waliosifika sana walijikuta katikati ya orodha au chini yake, na yule wa mwisho kabisa alikuwa mmoja wa wanaanthropolojia mashuhuri wa wakati wake. Baadhi ya wanafunzi wanawake walikuwa na mafuvu makubwa kuliko maprofesa hao. Waliokuwa na madaraka katika fani hiyo hawakufurahi, na tasnifu yake ilipata vikwazo kabla ya kukubaliwa. Alitunukiwa udaktari wa sayansi mwaka 1901. Waswahili wamesema tangu zamani kwamba akili ni nywele, kila mtu ana zake. Alice Lee aliwaonyesha maprofesa kwa tarakimu kwamba hazikai kwenye mzingo wa kichwa.

Pearson mwenyewe aliendelea na kazi hiyo. Mwaka 1906 alichapisha katika Biometrika matokeo ya vipimo vya wanafunzi wa Cambridge na vya maelfu ya watoto wa shule. Uwiano kati ya ukubwa wa kichwa na akili ulitoka karibu 0.1. Tuichukue namba hiyo taratibu, maana ndiyo roho ya kisa hiki. Ukitaka kujua ni kiasi gani cha tofauti ya jambo moja kinaelezwa na jambo lingine, unauchukua uwiano na kuuzidisha kwa wenyewe: 0.1 mara 0.1 ni 0.01. Yaani, katika sehemu 100 za tofauti za akili kati ya watu, ukubwa wa kichwa unaeleza sehemu moja tu, na 99 zinatokana na mambo mengine. Pearson alikiri kwamba mtu hawezi kubashiri akili ya mwenzake kwa kumpima kichwa. Mtu huyuhuyu aliyeiandaa nadharia ya ubaguzi ndiye aliyeichapa hesabu iliyoung'oa mmoja wa mihimili yake.

Rula yafika Nairobi

Hospitali ya Mathari ilianza mwaka 1910 kama makazi ya waliohesabiwa kuwa wendawazimu, mahali palipokuwa pametumika kuwatenga wagonjwa wa ndui. Mwaka 1924 ikapewa jina la Mathari. Miaka ya 1930 ilipoanza, daktari aliyekuwa akiihudumia, H. L. Gordon, alianza kupima vichwa vya Waafrika na kuwajaribu kiakili, wakiwamo wavulana waliofungiwa katika shule ya kurekebisha tabia ya Kabete. Alifikia uamuzi kwamba upungufu wa akili ulikuwa umeenea mno miongoni mwa Waafrika. Alikwenda mbali zaidi na kuonya kwamba elimu ya Kizungu ingeweza kuwasababishia wendawazimu. Mwaka 1934 makala yake ilitoka katika jarida la yujeniki la London.

Pembeni yake alikuwa F. W. Vint, daktari wa maabara ya serikali Nairobi. Vint alipima mabongo ya maiti 100 za wanaume Waafrika, akayalinganisha na takwimu za Wazungu zilizokwisha kuchapishwa, akaripoti mwaka 1934 kwamba ubongo wa Mkenya ni mwepesi kwa takriban asilimia 10. Mwaka 1933 walowezi na madaktari walikuwa wameunda chama cha kuchunguza uboreshaji wa kizazi, na suala hilo likafika hadi London, ambako waliomba serikali igharimie utafiti mkubwa.

Tukae hapa tupime walivyopima. Uzito wa ubongo hutegemea ukubwa wa mwili, umri, lishe na ugonjwa uliomuua mtu. Watu 100 waliofariki Nairobi ya wakati ule walikuwa wametoka katika maisha gani? Ya kazi nzito, posho duni na maradhi. Na wale wa Ulaya walikuwa na miili gani, walikufa kwa ugonjwa gani, mabongo yao yalipimwa na nani, kwa namna gani? Asiyejibu maswali haya amelinganisha vitu viwili visivyolingana. Na hata kama uzito ungetofautiana kweli, ilibaki hatua ya kuthibitisha kwamba uzito huo ndio akili, hatua ambayo Alice Lee na Pearson walikuwa wamekwisha kuionyesha kuwa haipitiki. Majarida yao yalikuwapo maktabani. Wapimaji wa Nairobi walichukua kutoka London rula na heshima ya tarakimu, wakaacha huko majibu. Mwamba ngoma huvutia kwake: walowezi walitaka sababu ya kuwanyima Waafrika shule, ardhi na kura, na rula ikawapa.

Serikali ya Uingereza haikutoa fedha walizoomba, na mwishoni mwa miaka ya 1930 vuguvugu hilo lilikuwa limepoa. Wazo lenyewe halikufa. J. C. Carothers, aliyeiongoza Mathari kuanzia 1938 hadi 1950, aliandikia Shirika la Afya Duniani kitabu kilichotoka mwaka 1953, akidai kwamba Mwafrika hatumii ipasavyo sehemu ya mbele ya ubongo wake, kiasi cha kufanana na Mzungu aliyekatwa sehemu hiyo. Mwaka uliofuata serikali ya kikoloni ilichapisha kijitabu chake juu ya saikolojia ya Mau Mau. Humo watu waliopigania ardhi walielezwa kama wagonjwa waliochanganyikiwa na mabadiliko. Mwaka huohuo, Aprili 1954, operesheni ya Anvil iliwazoa maelfu ya Wakikuyu, Waembu na Wameru wa Nairobi na kuwapeleka vizuizini, na katika miaka hiyo ya Hali ya Hatari nyumba za bonde la Mathare zilibomolewa. Daktari aliyeandika kuhusu vichwa vya watu hao alikuwa ametumika miaka 12 ukingoni mwa bonde lao.

Waliojibu

Majibu yalitoka pande nyingi. Ndani ya Uingereza, Lancelot Hogben, mwanabiolojia mwenye hisabati kali, aliacha kazi yake Cape Town mwaka 1930 akiwa amechukizwa na siasa za ubaguzi, akaenda kufundisha London School of Economics. Hapo alitumia hesabu ya urithi kuwaumbua wana-yujeniki. Hoja yake kuu ilikuwa kwamba urithi na mazingira hufanya kazi pamoja, hivyo anayedai kuzitenganisha asilimia zao anajidanganya: panda mbegu ileile katika udongo wa tifutifu na katika changarawe, mavuno hayatakuambia mbegu ina thamani gani. Mwaka 1936 alitoa Mathematics for the Million, kitabu cha kuwafundisha hisabati watu wa kawaida, kwa imani kwamba mnyonge asiyejua hesabu atatawaliwa na anayeijua. Wakati huohuo, katika chuo hichohicho, Jomo Kenyatta alikuwa akisoma anthropolojia chini ya Bronisław Malinowski, na mwaka 1938 akatoa Facing Mount Kenya, akiwaeleza Wakikuyu kwa kalamu ya mmoja wao.

Mwaka 1961 Frantz Fanon, mwenyewe daktari wa akili, alimtaja Carothers kwa jina na kuonyesha jinsi tiba ilivyogeuzwa silaha ya ukoloni. Lakini jibu lililo karibu nasi zaidi lilitoka Chuo Kikuu cha Nairobi. Henry Odera Oruka, aliyezaliwa mwaka 1944 na kusomea falsafa Uppsala, Uswidi, alianza kufundisha Nairobi mwaka 1970. Hakwenda kupima kichwa cha mtu yeyote. Alibeba kinasa sauti, akaenda vijijini kukaa na wazee na kuwauliza maswali ambayo wanafalsafa huulizana: Mungu yuko? Uhuru ni nini? Mwanamke na mwanamume ni sawa? Akatofautisha mzee anayekariri hekima ya jamii yake na mzee anayeihoji kwa akili yake mwenyewe. Miongoni mwa hao wa pili alimweka Paul Mbuya Akoko, mzee Mjaluo aliyepima mila za watu wake badala ya kuzitetea tu. Mazungumzo hayo yalitoka kama kitabu mwaka 1990. Oruka aligongwa na gari Nairobi akafariki Desemba 1995, akiwa ameacha ushahidi ambao hakuna rula ingeweza kuupata, kwa kuwa wenye rula hawakuwahi kuwauliza watu wanafikiri nini.

Mathare yashika kalamu

Mwaka 2020 University College London iliyaondoa majina ya Galton na Pearson kwenye majengo yake. Ni hatua nzuri. Kwa watu wa Mathare, hata hivyo, la maana zaidi ni nani anahesabu leo, na kwa faida ya nani.

Sensa ya 2019 ilipata zaidi ya watu 200,000 katika kaunti ndogo ya Mathare, eneo la takriban kilomita 3 za mraba. Hiyo ni karibu watu 70,000 kwa kila kilomita ya mraba, zaidi ya mara 10 ya wastani wa jiji zima. Tarakimu hii inaweza kusomwa kwa njia mbili. Mmoja ataona watu waliozidi na wanaofaa kuondolewa. Mwingine ataona jiji lililowanyima watu wake ardhi, likawaacha wabanane penye machimbo ya mawe ya zamani na kingo za mto. Namba ni ileile. Swali ndilo linalotofautiana.

Ndiyo maana kazi ya Muungano wa Wanavijiji ina uzito. Kwa miaka mingi wanachama wake wamekuwa wakihesabu makazi yao wenyewe: kila mlango unapewa nambari, anayeishi humo anaulizwa kodi, maji, choo na miaka aliyokaa, kisha matokeo yanarudishwa kwa wakazi wenyewe wayasahihishe. Kwa njia hiyo, pamoja na Chuo Kikuu cha Nairobi na Chuo Kikuu cha California cha Berkeley, uliandaliwa mpango wa eneo zima la Mathare uliotolewa mwaka 2012. Mwenye nyumba aliyehesabiwa anakuwa na karatasi ya kuonyesha siku ubomoaji unapokuja, na kijiji kinaweza kusema ni familia ngapi zinagombea choo kimoja.

Kituo cha Haki za Kijamii cha Mathare nacho kilihesabu jambo ambalo hakuna afisi iliyotaka kulihesabu. Ripoti yake ya 2017 ilikusanya visa vya vijana waliouawa na polisi, kwa majina, tarehe na mahali, kutokana na ushuhuda wa mama zao na majirani. Bila orodha ile, kila kifo kilikuwa uvumi wa mtaa. Kwa orodha, kilikuwa sehemu ya mtindo unaoonekana na unaodai majibu. Hiyo ndiyo takwimu ambayo Pearson hakuifikiria, ambamo anayepimwa ndiye anayeamua kipimwe nini.

Kwa hiyo mtoto wa Mathare asiichukie hisabati kwa sababu iliwahi kutumiwa dhidi ya babu yake. Aisome kwa bidii kuliko mtoto wa Muthaiga, maana yeye ndiye atakayekuja kuhesabiwa zaidi: na serikali, na mashirika, na kampuni za mikopo ya simu. Mwalimu anapofundisha wastani, amfundishe pia kuuliza: nani alipimwa, nani aliachwa, wamelinganishwa na nani, na aliyelipia utafiti alitaka nini? Na kila anayekuja bondeni na fomu za maswali awekewe sharti moja. Kabla matokeo hayajachapishwa popote, yasomwe kwanza barazani Mathare, kwa Kiswahili, mbele ya watu waliohojiwa, nao wawe na haki ya kuyapinga. Madaktari wa 1934 wasingeweza kulivuka sharti hilo, na mtafiti mkweli wa leo hana sababu ya kuliogopa.